Daftari la mechi zako: nani analiandika, nani analitunza?



Leo siandiki juu ya wafalme wala juu ya mkutano wa Berlin. Ninaandika juu ya lile jedwali dogo linalotokea kwenye kioo wakati mechi ya mchezo wa risasi inaisha: jina lako, idadi ya wale uliowaangusha, mara ngapi wewe mwenyewe ulianguka, na pengine cheo. Vijana wengi huku kwetu wanalijua kuliko karatasi yao ya pointi za chuo. Wanalipiga picha, wanalitumia marafiki, wanagombana juu yake usiku mzima.

Mimi nilisoma historia. Mwaka wa kwanza tulipewa kozi ya kritiki ya historia, na wale waliopita pale wanajua wimbo wake: usiamini hati kabla ya kuiuliza maswali. Nani aliiandika? Aliacha nini? Nani aliitunza mpaka ikatufikia? Ninavyoona, jedwali la mechi nalo ni hati. Iko na mwandishi, iko na mtunzaji, na iko na mambo inayoyaficha. Tena iko na historia ya miaka 50 hivi. Tuipitie hatua kwa hatua, halafu mwishoni nitasema namna ya kutafuta takwimu za mechi zenu za karibuni na namna ya kuzisoma.

Najua kuna wasomaji watakaosema: kwetu, risasi si mchezo. Wako na haki, na sitetei michezo hiyo hapa. Ila vijana wetu wanaicheza, na namba zake zinagusa urafiki wao, heshima yao na mega zao. Basi ni vizuri tujue zinatoka wapi.

1. Pointi zilizozimika pamoja na mashine

Kati ya mwaka 1973 na 1974, kwenye kituo cha utafiti cha Ames cha NASA, kule California, vijana watatu walitengeneza mchezo ulioitwa Maze War. Majina yao ni Steve Colley, Greg Thompson na Howard Palmer. Walitumia kompyuta za aina ya Imlac PDS-1. Mchezaji alitembea ndani ya njia zilizopindapinda, akiona mbele yake kama mtu anayetembea kweli. Halafu waliunganisha kompyuta mbili, na hapo ukaweza kukutana na mwenzako na kumpiga risasi. Mwenzako huyo alionekana kama jicho kubwa linaloelea hewani. Thompson aliupeleka mchezo huo kwenye chuo cha MIT, na kule wachezaji wakafika mpaka 8 kwa mara moja, na pointi zikahesabiwa.

Pointi hizo ziliishi muda gani? Muda wa mchezo tu. Ukizima, basi. Hata mashine za sarafu zilizokuja nyuma zilikuwa na tabia hiyo. Mwaka 1979 kampuni ya Atari ilitoa Asteroids, na mtu aliyepata pointi nyingi aliruhusiwa kuandika herufi 3 za jina lake. Ilikuwa furaha kubwa. Lakini mwenye duka alipochomoa umeme usiku, orodha yote ilifutika, na asubuhi mabingwa wa jana walikuwa watu wa kawaida.

Sisi tunaojua kukatika kwa umeme tunaielewa hali hiyo bila maelezo.

2. Doom na neno baya lililozoeleka

Tarehe 10 Desemba 1993, kampuni ndogo ya Texas, id Software, ilitoa Doom. Watu 4 waliweza kupigana kwenye kompyuta zilizounganishwa kwa waya ndani ya jengo moja. Kila mara ulipomwangusha mwenzako ulipata «frag» moja. Neno hilo linatoka kwenye vita vya Vietnam: askari wa Marekani walilitumia kwa tendo la kumuua ofisa wao wenyewe, mara nyingi kwa bomu la mkono. Njo maana ninasema kwamba tusome maneno pia, si namba tu. Neno la uhasi ndani ya jeshi likageuka kuwa pointi ya mchezo, na wachezaji wengi wanalitamka leo bila kujua lilikotoka.

Mechi ya Doom ilipoisha, kioo kilionyesha jedwali ambalo mimi ninalipenda mpaka leo. Halikuonyesha jumla peke yake. Lilionyesha nani alimwangusha nani, na mara ngapi. Ukiangalia mstari wa mshazari, unaona hata mara ambazo mtu alijiangusha mwenyewe. Ni kusema, jedwali la kwanza kupendwa na watu lilikuwa na habari nyingi kuliko ile K/D tunayogombania leo.

Doom ilileta kitu kingine tena: faili za demo. Mchezo uliweza kuhifadhi kila kitufe ulichobonyeza, katika mpangilio wake, bila kuhifadhi picha yenyewe. Mwingine akiweka faili hiyo kwenye kompyuta yake, mchezo unarudia kila kitu kama ulivyofanya. Faili ilikuwa ndogo, ilitumwa kwa urahisi, na ilikuwa ushahidi. Ukisema umemaliza kwa dakika 5, watu wanakuambia: leta demo. Katika historia tunatofautisha masimulizi na hati. Demo ilikuwa hati.

3. Quake: namba mbili zinazokaa pamoja

Mwezi wa 6 mwaka 1996 ikaja Quake, na mwezi wa 12 ikafuata QuakeWorld, toleo lililotengenezwa kwa ajili ya watu wanaocheza kupitia intaneti ya simu za waya. Hapa ndipo historia yetu inapogeuka. Ndani ya jengo moja, waya ni uleule kwa wote. Kwenye intaneti, mmoja yuko karibu na seva, mwingine yuko mbali. Amri ya mmoja inafika mara moja, ya mwingine inachelewa. Muda huo wa kwenda na kurudi unaitwa pingi, na unapimwa kwa sehemu za elfu za sekunde.

Watengenezaji wa QuakeWorld walifanya jambo la haki: kwenye jedwali la mechi waliweka pingi ya kila mchezaji kwenye mstari uleule wa pointi zake. Uliona kwamba fulani ana pointi 30 na pingi 40, na mwingine ana pointi 22 na pingi 300. Mwenye akili alijua kwamba huyu wa pili si mtu wa kudharau. Namba na hali yake vilikaa bega kwa bega.

Mwaka huo, John Carmack, fundi mkuu wa programu wa id Software, alikuwa pia na wazo la seva kuu moja itakayotunza rekodi ya wachezaji wa dunia. Wazo hilo halikudumu wakati ule, lakini mbegu ilikuwa imepandwa: kumbe daftari linaweza kukaa mahali pamoja, mbali na mchezaji, na kuishi kuliko mechi.

Mwaka 1997 Carmack alitoa gari lake mwenyewe, Ferrari 328, kuwa zawadi ya shindano la Quake. Fainali ilichezwa Atlanta, kwenye maonyesho ya michezo ya E3. Dennis Fong, anayeitwa Thresh, alimshinda Tom Kimzey kwa 14 dhidi ya −1. Ndiyo, chini ya sifuri: katika Quake ukijiua mwenyewe unakatwa pointi. Matokeo yale yanasimuliwa mpaka leo kwa sababu kulikuwa na mashahidi na mtu aliondoka na gari. Lakini mechi elfu na elfu za watu wa kawaida wa mwaka ule hazikuandikwa na yeyote.

4. Mwenye seva anakuwa karani

Mwaka 1998 kampuni ya Valve ilitoa Half-Life, na mwaka 1999 vijana wawili, Minh Le na Jess Cliffe, wakatengeneza juu yake Counter-Strike. Mchezo huo ulienea dunia nzima, na cyber zetu nazo ziliujua vizuri.

Seva ya Half-Life iliweza kuandika kila tukio kwenye faili ya maandishi ya kawaida: saa fulani, fulani alimwangusha fulani kwa bunduki fulani. Mstari kwa mstari, kama karani wa mahakama. Watu wakatengeneza programu za kusoma faili hizo na kuzigeuza kuwa orodha. HLstats na PsychoStats zilikuwa kati ya zile zilizojulikana sana. Kwenye seva nyingine uliandika tu /rank katika mazungumzo ya mchezo, na seva ikakujibu nafasi yako. Ukiandika /top15, ulipata orodha ya mabingwa 15 wa seva ile.

Sasa tuulize swali la kritiki: karani huyu alikutambuaje? Mwenye seva alichagua. Angeweza kukutambua kwa jina, kwa anwani ya intaneti ya mashine yako, au kwa namba ya akaunti ya Steam. Kila njia ilikuwa na kasoro yake. Kwa jina: mtu yeyote aliweza kuandika jina lako, akacheza vibaya na kukuharibia, au bingwa akaazimisha jina lake. Kwa anwani: mashine zote za cyber moja zinatoka kwenye intaneti kwa mlango mmoja, kwa hiyo zinaonekana kama mashine moja. Vijana 10 wa kartie moja wakawa mtu mmoja mwenye rekodi moja. Wanaosoma daftari za sensa za wakoloni wanalijua tatizo hilo: karani anaandika watu kwa njia inayomrahisishia kazi, na kizazi kinachofuata kinadhani watu walikuwa hivyo kweli.

5. Namba inayotabiri

Mpaka hapo daftari lilihesabu mambo yaliyopita. Ila kuna namba ya aina nyingine, inayojaribu kusema kitakachotokea. Baba yake ni Arpad Elo, mwalimu wa fizikia mzaliwa wa Hungaria aliyefundisha Milwaukee, Marekani. Alitengeneza hesabu kwa ajili ya mchezo wa chesi. Shirikisho la chesi la Marekani liliipokea mwaka 1960, na shirikisho la dunia, FIDE, mwaka 1970. Wazo lake ni rahisi: ukimshinda mtu aliye juu yako unapanda sana, ukimshinda aliye chini yako unapanda kidogo tu.

Mwezi wa 11 mwaka 2004 ilitoka Halo 2 ya kampuni ya Bungie, kwenye Xbox. Kila mechi iliyochezwa mtandaoni ilipata ukurasa wake kwenye tovuti ya kampuni: nani alimwangusha nani, kwa silaha gani, nani alishinda. Kwa mara ya kwanza mamilioni ya watu wa kawaida walikuwa na faili yao ya kazi, kama watumishi wa serikali. Halo 3, mwaka 2007, ilitumia hesabu iitwayo TrueSkill, iliyotengenezwa na watafiti wa Microsoft kule Cambridge. TrueSkill inatunza namba mbili juu yako: kiwango inachokukadiria, na kiasi cha mashaka iliyo nayo. Mtu mpya anaanza na kiwango 25 na mashaka 8,33. Ili kuonyesha cheo, inachukua kiwango na kutoa mashaka mara 3, na matokeo ni sifuri. Haisemi kwamba hujui kitu. Inasema bado haikujui. Kadiri unavyocheza, mashaka yanapungua na cheo kinapanda.

Ningependa baadhi ya waalimu wetu waelewe tofauti hiyo.

6. K/D inakuwa heshima

Mwaka huo huo wa 2007 ikatoka Call of Duty 4, na mazungumzo ya vijana yakajaa herufi mbili: K/D. Ni wale uliowaangusha, ukigawa kwa mara ulizoanguka. Ukiangusha 20 na kuanguka 10, K/D yako ni 2. Ni hesabu ya darasa la nne, kila mtu anaielewa, na pengine njo maana ilishinda. Lakini angalieni kilichopotea njiani. Jedwali la Doom lilisema nani alimwangusha nani. Jedwali la QuakeWorld lilisema koneksio ya kila mtu. K/D haisemi hata moja. Haisemi kama ulishinda mechi. Haisemi kama uliingia mlango wa kwanza ili wenzako wapite, au kama ulijificha nyuma ukilinda namba yako.

Wengine waliliona. Tovuti ya HLTV, iliyoanza Denmark mwaka 2002, ilitoa mwaka 2010 hesabu yake ya kupima wachezaji wa Counter-Strike, na mwaka 2017 ikaibadilisha. Hesabu hiyo mpya iliangalia pia madhara unayowafanyia maadui kwa kila raundi, na asilimia ya raundi ambazo ulifanya walau jambo moja la maana: kuangusha, kusaidia, kubaki hai, au kuanguka na mwenzako akakulipizia mara moja. Angalieni hilo la mwisho. Kuna namna ya kuanguka inayosaidia ekipu, na hesabu nzuri inaipa thamani.

Watengenezaji wa Overwatch, mwaka 2016, walichagua njia nyingine: kuficha. Uliona namba zako na medali zako, lakini hukuona namba za wenzako. Mwaka 2018 wakafanya profaili za wachezaji ziwe za siri mpaka mwenyewe azifungue. Mwaka 2022, Overwatch 2 ilipotoka, jedwali kamili likarudi. Kuonyesha kulileta matusi, kuficha kulileta malalamiko ya wale waliotaka kujua. Hata kunyamaza kwa hati ni uamuzi wa mtu.

7. Kijana mmoja na mechi 12

Niwape mfano wa karibu. Kuna kijana wa kwetu anayecheza Counter-Strike katika ekipu ya watu 5 ya kartie. Siku moja alikuja kwangu na uso umekunjamana. «Yaya, banataka kunitosha mu ekipu. Banasema K/D yangu iko chini ya moja, minabapotezesha.» Ekipu ile kwake haikuwa mchezo tu. Ni pale alipopata marafiki alipohamia mjini.

Nikamwambia: tufungue mechi zako za karibuni, moja moja. Tulizifungua 12 na kuziandika kwenye karatasi. Jumla: aliangusha 168, alianguka mara 204. K/D ni 0,82. Wenzake walisoma vizuri, namba ni ya kweli.

Halafu tukaangalia safu ya pingi. Katika mechi 5 pingi yake ilipita 200, na zote zilichezwa saa za jioni, wakati kila mtu wa nyumba anatumia koneksio ileile. Katika hizo aliangusha 55, akaanguka 95: K/D 0,58. Katika zile 7 zilizobaki aliangusha 113, akaanguka 109: K/D 1,04. Tukahesabu na ushindi: katika zile 12, ekipu ilishinda 8. Mwishoni tulitazama demo ya mechi moja. Karibu kila raundi, yeye ndiye aliyeingia wa kwanza. Alianguka, ndiyo, lakini aliyemwangusha naye alianguka sekunde mbili baadaye, na mlango ukawa wazi.

Alipeleka karatasi ile kwa wenzake. Hawakumfukuza. Walikubaliana mambo mawili: asicheze mechi za cheo saa za jioni, na mara moja moja mwingine aingie wa kwanza. Sijui kama ekipu yao itafika mbali. Ninajua tu kwamba walikuwa karibu kumhukumu mtu kwa mstari mmoja wa hati ambayo hawakuisoma yote.

8. Daftari zinazokufa

Swali la mwisho la kritiki ni la utunzaji. Watu wanafikiri kwamba kitu kikiwa kwenye seva, kitakaa milele. Historia inasema hapana.

Tarehe 15 Aprili 2010 Microsoft ilifunga huduma ya mtandao ya Xbox ya kwanza, na Halo 2 ikafungwa nayo. Wachezaji wachache walikataa kutoka. Waliacha mashine zao zikiwaka mchana na usiku, kwa sababu anayetoka hawezi kurudi tena, na wa mwisho aliondolewa mwezi wa 5. Mwaka 2014 kampuni ya GameSpy, iliyohudumia seva na takwimu za michezo mingi, Battlefield 2 ikiwa moja, ilifunga milango. Vyeo ambavyo watu walivihangaikia tangu mwaka 2005 vikazimika. Na mwezi wa 2 mwaka 2021 ile tovuti ya kumbukumbu za Halo, yenye kurasa za mechi za miaka na miaka, nayo ilifungwa.

Leo ni hivyo hivyo, tena kwa haraka. PUBG iko na mlango rasmi unaoruhusu programu nyingine kusoma takwimu zake, lakini mechi zinakaa pale siku 14 tu. Zikipita bila mtu kuzinakili, hazipatikani tena kwa njia hiyo. Kumbe tofauti na ile Asteroids ya 1979 si kubwa sana. Anayechomoa umeme amebadilika tu.

9. Namna ya kutafuta na kusoma takwimu zako

Sasa tuje kwenye kazi yenyewe.

Kwanza, anzia ndani ya mchezo. Karibu michezo yote ya simu, Free Fire, PUBG Mobile na Call of Duty Mobile, inaweka takwimu ndani ya profaili yako. Bonyeza picha yako, halafu tafuta sehemu ya takwimu na sehemu ya historia ya mechi. Hizo ni vitu viwili. Takwimu ni jumla ya muda mrefu, historia ni mechi moja moja. Wengi wanaangalia jumla tu. Fungua historia.

Kwa Counter-Strike, akaunti yako ya Steam iko na ukurasa wa data yako binafsi ya mchezo. Pale utaona mechi zako na ramani, tarehe, muda, na kwa kila mchezaji pingi, walioanguka, misaada, vifo na asilimia ya risasi za kichwa. Pingi bado iko pale, kama wakati wa QuakeWorld. Demo ikiwa bado ipo, ishushe mapema, maana haikai.

Pili, usisome mechi moja. Mechi moja ni uvumi. Soma 10 au 20, na uzigawe: za asubuhi na za usiku, za koneksio nzuri na za koneksio mbaya, za peke yako na za pamoja na ekipu. Jumla inachanganya vitu visivyofanana, na ukweli mara nyingi uko kwenye mgawanyo.

Tatu, andika mwenyewe yale ambayo seva haiandiki: ulichezea wapi, kwa simu gani, ulikuwa umechoka au hapana, nafasi gani ulishika. Daftari la shule linatosha.

Nne, angalia unampa nani ufunguo. Kuna programu nyingi za pembeni zinazoahidi kukuonyesha takwimu zako. Ile inayoomba jina lako la mchezo tu ni jambo moja. Ile inayoomba neno la siri la akaunti yako, ikimbie.

Tano, ujue kwamba sheria iko. Huko Ulaya, tangu tarehe 25 Mei 2018, mtu ana haki ya kuomba kampuni imwonyeshe data iliyo nayo juu yake. Kwetu Kongo, Ordonansi-Sheria namba 23/010 ya tarehe 13 Machi 2023, ile ya Kanuni ya Dijitali, nayo inalinda data binafsi na kumpa mwenye data haki ya kuifikia. Wadogo zetu wa sheria munaotafuta mada ya TFC, mada ni hii hapa. Kampuni ya mbali inatunza miaka 5 ya usiku wa kijana wa Bukavu au wa Lubumbashi. Aiombe wapi, kwa lugha gani, na nani atamjibu?

Ninawaomba jambo moja tu. Wiki hii, kila mmoja anayecheza afungue mechi zake 10 za mwisho, azinakili kwenye karatasi kwa mkono, na aweke safu moja ya ziada mbele ya K/D: hali ya mechi. Mutanieleza mulichokiona. Na wale watakaoniambia kwamba kazi yote hiyo ni ya bure kwa sababu ni mchezo tu, wajiulize kwa nini basi walikasirika jana usiku jedwali lilipotokea.